Uwineza na Harusi ya Watu Arobaini

Mtu akikuambia harusi yake itakuwa ndogo, usikubali kuwa mwenyekiti wa komite. Mimi nilikubali, na mpaka leo nikikumbuka kichwa kinaniuma. Naitwa Saidati, nashona nguo hapa Gisenyi, karibu na soko. Kiswahili changu cha kuandika nilikipata madrasa, kwa mwalimu aliyetoka Kigoma. Cha mdomoni ni cha hapa hapa, kimeokota kila kilichopita mpakani. Nasema mapema ili mtu asije kunisahihisha, maana na mimi sina subira.

Harusi yenyewe ilikuwa ya Uwineza, jirani yangu. Ana miaka thelathini na mbili, na tangu akiwa na ishirini anafanya udobi katika hoteli moja ya kando ya ziwa. Hoteli ile inapokea harusi kila Jumamosi, na vile vitambaa vyeupe mnavyoviona vimevishwa viti na kufungwa utepe mgongoni, kuna mtu anavifua. Mtu huyo ni yeye. Viti mia tatu, vitambaa mia tatu, bado vya mezani, vyote vimemwagikiwa mchuzi, mvinyo na nta ya mishumaa. Nta haitoki kwa maji. Unaweka karatasi juu, unapiga pasi, karatasi inakunywa nta, unaweka nyingine, unaanza tena. Nimeviona vidole vyake Jumapili jioni, vimekauka mpaka vinapasuka.

Donc, basi, Régis alipomwomba waoane, jambo la kwanza Uwineza alilofanya ni kuja kwangu na kusimama mbele ya cherehani.

“Saidati, mi nataka watu makumi ine. Viti vya pulastiki, vikae hivyo hivyo uchi. Maua ya kununua hapana, kitambaa hapana, ile mulango ya maputo hapana. Mutu akileta hata utepe moja, namurudisha nayo kwao.”

Nikacheka. Nikamwambia arobaini iko sawa, mimi nitakuwa mlinzi wake. Ndivyo nilivyojitia kitanzi mwenyewe.

Lakini sababu kubwa ya harusi ndogo haikuwa vitambaa, ilikuwa Mama Régis. Régis ni fundi wa friji, kwao ni Goma, ng’ambo ya mpaka, ukoo wao umetoka upande wa Bukavu. Yuko huku miaka sita. Mama yake amebaki kule na mumewe, mzee mgonjwa, aliyepooza upande mmoja, wa kulishwa na kugeuzwa kitandani. Watoto wengine wamekufa, amebaki Régis peke yake. Mama alitafuta mtu wa kushinda na mgonjwa, akampata wifi yake kwa siku moja tu, Jumamosi, mpaka jioni. Na siku hizo mpaka ulikuwa unafungwa saa tisa mchana. Ukichelewa, unalala huku. Mgonjwa wako atajua mwenyewe.

Kwa hiyo hesabu ilikuwa rahisi. Alhamisi, kiapo cha serikali pale ofisi ya sekta, mama hayuko. Jumapili, baraka kanisani ndani ya misa ya kawaida, mama hayuko. Jumamosi, siku ya gusaba, yaani siku ya kuposa, hapo ndipo mama angemwona mwanawe akipewa mke. Hapo tu.

“Mama akiniona natoka kwa nyumba, akinipokea kwa mikono yake, kwangu mimi harusi imekwisha,” Uwineza aliniambia. “Ile ingine yote ni makaratasi.”

Kwa asiyejua, gusaba inakuwa hivi. Familia mbili zinakaa zikitazamana. Kila upande una msemaji wake. Msemaji wa nyumbani anajifanya hajui wageni wamefuata nini, anawazungusha, anawatania, anawakatalia, na wa upande wa bwana harusi anajibu kwa akili, mpaka wa nyumbani anakubali. Bibi harusi muda huo wote amefungiwa ndani. Neno la kukubali lisipotamkwa, hatoki. Sisi Waislamu wa mjini tunafunga nikaha dakika kumi, tunakula sambusa, tunarudi dukani. Haya ya gusaba nimeyahudhuria mara nyingi, ila nikiwa mgeni wa nyuma kabisa, nangoja sahani.

Nikapanga saa. Saa tatu wageni wanaingia, saa nne bibi harusi anatoka, saa tano chakula, saa saba mama anapanda piki kwenda bariyeri, pale mpakani, maana mstari wa kuvuka Jumamosi si mchezo. Nikaibandika ile karatasi ukutani kwa Drocella, mama yake Uwineza.

Basi vita vikaanza. Drocella ni mwanamke mwema, lakini ugonjwa wake ni mmoja: watu watasema nini. Jirani wa kushoto aliuliza kwa nini haombwi mchango, kwani yeye ni adui? Jirani wa kulia alitangaza kwamba atakuja na watoto wote, kadi au bila kadi. Mwanamke wa kupamba, yule anayepamba harusi zote za hotelini, alikuja bila kuitwa, akapima uwanja kwa hatua zake, akasema hapa tutaweka hema la zambarau, pale jukwaa. Nilimsindikiza mpaka barabarani. Kesho yake alirudi. Nikamsindikiza tena, safari hii bila kusalimiana.

Jumatano nikafika kwa Drocella nikamkuta Uwineza ameketi chini, kwenye saruji, miguu ameinyoosha, analia kwa hasira. Mbele yake kuna mafurushi mawili. Mama yake alikuwa amekwenda kwa siri kukodi vitambaa vya viti, makumi ine. Na wapi amevikodi? Hoteli ile ile! Uwineza alivitambua kwa doa. Kimoja kilikuwa na doa la binzari alilolisugua Jumapili nzima likakataa.

“Mama,” alisema, “hii nilifua mimi juzi. Na Jumapili hii tena nitafua mimi. Siku ya ndoa yangu nitaanza kufikiri kufua!”

Drocella akashika kiuno. “Sasa watu wakalie pulastiki kama kwa mukutano ya kazi ya umuganda?”

“Ndiyo! Wakalie!”

Nilibeba yale mafurushi mwenyewe kichwani, nikayarudisha. Njia nzima nilikuwa naongea peke yangu, watu wananipisha. Lakini nilishinda. Keki tukakata, hema la zambarau tukakata, muziki wa kukodi tukakata. Tulibaki na migomba miwili mlangoni, na maua meupe ya bondeni ambayo shangazi mmoja alikuja nayo kutoka Nyundo kwenye ndoo, bure. Nikajiona hodari. Kumbe nilikuwa nimekata vitu vyote isipokuwa kile kimoja kilichotakiwa kukatwa.

Kitu hicho ni mdomo wa Mzee Kabera.

Mzee Kabera ni kaka mkubwa wa marehemu baba yake Uwineza. Alizaliwa Karagwe, akafundisha shule huko Tanzania miaka na miaka, akarudi nyumbani na Kiswahili kilichonyooka mpaka unaona haya kumjibu. Kinyarwanda anakisema, lakini kwa sauti ya kule, na vijana wanakicheka chini kwa chini. Kwa hiyo harusi zote za ukoo ule, hajawahi kupewa usemaji. Wanampa kiti cha mbele na fanta baridi, anasikiliza wengine. Sasa ukoo wa Régis hawajui Kinyarwanda. Gusaba itakuwa ya Kiswahili. Nani mwingine? Mzee alikuwa ameingoja siku hiyo tangu avuke mpaka kurudi.

Nilimfuata kwake Mahoko nikamweleza yote: mama, mgonjwa, mpaka. Nikamwambia, “Mzee, ni dakika makumi mbili tu.”

“Binti yangu,” akasema, “dakika ishirini zatosha kabisa. Nitatia chumvi kidogo tu, isiwe chakula cha hospitali.”

Nikarudi nimefurahi. Mjinga mimi.

Upande wa Régis msemaji alikuwa Kadiri, rafiki yake mwendesha piki, mwenzetu Mwislamu, kijana mpole ambaye usemaji alipewa kwa sababu ana kanzu nzuri. Ijumaa alikuja kwangu. “Saidati, mi nitasema nini mbele ya ule mwalimu?”

Hapa ndipo nilipoharibu. Najua ni mimi, hakuna haja ya kunikumbusha. Nikamwambia, “Usibishane. Kila atakachosema, we kubali. Sema ndiyo Mzee, uko na haki. Akikosa mutu wa kubishana naye, atachoka haraka, tutamaliza.”

Kadiri akashusha pumzi. Akasema mi ni mwanamke mwenye akili.

Jumamosi ikafika. Jua zuri, ziwa linaonekana pale chini kati ya paa za mabati. Mama Régis alikuwa amepanga mstari tangu bariyeri haijafunguliwa, na bado alifika saa nne kasoro, vumbi mpaka magotini, mkononi ile jeton yake, kikaratasi cha siku moja. Mwanamke mdogo, mwembamba, kitenge chake kimepigwa pasi vizuri. Nilimkalisha mbele kabisa. Akashika mkono wangu.

“Mutoto yangu, saa saba nitatoka, ehn? Mzee iko na wifi, lakini wifi hawezi kumugeuza peke yake. Nimemuambia nitarudi.”

“Mama, saa tano utakuwa umeshakula,” nikamjibu.

Saa nne kamili Mzee Kabera akasimama. Suti ya kijivu, kofia, fimbo, miwani. Akawatazama wageni, akatabasamu.

“Wageni wetu, karibuni. Sura zenu ni za heri, ila sikumbuki kuwaalika. Je, mmepotea njia? Mwasaka ng’ombe aliyekatika kamba? Au ni kiu tu iliyowaleta?”

Uwanja ukacheka, na mimi nikacheka. Kiswahili chake kilikuwa kitamu, kusema kweli. Kadiri akasimama, akasema wamekuja kuomba binti. Mzee akasema subiri kijana, haraka ya nini, kwanza mjue mmeingia nyumba ya nani. Akaanza. Karagwe, baba yake na ng’ombe wake, akawataja ng’ombe mmoja mmoja kwa majina na rangi. Shule aliyofundisha. Mvua ya mwaka fulani. Saa tano ikapita. Wali ulikuwa unakauka jikoni. Nikajipitisha mbele yake mara mbili nikionyesha saa ya mkononi, naye akaniinamia kwa heshima, akaendelea.

Saa tano na nusu ndipo akafika kwa binti. Nikasema alhamdulillahi.

“Huyo binti mnayemtaja,” akasema Mzee, “aliposwa tangu yumo tumboni, na watu wa Karagwe. Mahari walitoa. Mnasemaje?”

Kila mtu pale anajua hapa msemaji mwingine anajibu nini. Anasema hao watu wa Karagwe tumewapita njiani, wametuachia nafasi. Au anasema lolote, bora akatae! Kila mtu anajua, isipokuwa Waislamu wawili, mmoja amevaa kanzu na mwingine ni mimi.

Kadiri akasimama wima. “Ndiyo Mzee. Uko na haki. Tumekubali.”

Uwanja mzima ukapasuka kwa kicheko, wazee wanapigana mabega, Drocella amejifunika uso. Régis ameinamisha kichwa, maana bwana harusi haruhusiwi kusema hata nusu neno. Na Mzee Kabera, yewe! Usoni mwake niliona furaha ya mtu aliyengoja miaka yote hiyo.

“Mashahidi, mmesikia! Wamekubali kwamba hapa hakuna binti wa kuoa. Basi, neno limekwisha. Wapeni fanta, wanywe, warudi kwao salama.”

Kadiri akanitazama. Mimi nikatazama chini. Nilitamani ardhi ile ya saruji inimeze na cherehani yangu.

Sasa kulirekebisha jambo hilo kukachukua saa nzima. Mzee alitaka wageni watoke mpaka langoni, waingie upya, waombe radhi, walete msemaji anayejua kusema. Wakatoka. Wakaingia. Mama Régis pia akatoka na kuingia, na ule mwili wake wa kuchoka. Mjomba mmoja wa Régis akajaribu kusema, Mzee akampa fumbo. Akalijibu, akapewa la pili. Nikamwendea Mzee sikioni.

“Mzee, nakuomba. Yule mama anataka kuenda. Ni saa saba kasoro!”

“Mwenyekiti,” akasema bila kushusha sauti, “mambo haya hayaendi kwa saa. Dakika tano.”

Dakika tano zikapita, na kumi na tano. Nilikuwa nimekasirika, na sikuwa na wa kumpiga ila nafsi yangu.

Saa saba na robo Mama Régis akasimama. Akajaribu kusema taratibu, “Munisamehe baba, mimi nitaenda, bwana yangu iko kwa kitanda,” lakini sauti haikufika mbali. Alikuwa analia. Na Mzee Kabera, huko kwenye utamu wake, akadhani mama ameingia mchezoni.

“Lo, jamani! Hata mama mtu amenuna! Mama, usilie, tutafikiri, tutafikiri!”

Watu wakapiga makofi! Wakatoa simu wakampiga picha, wanasema huyu mama anajua kuigiza. Yule mama amesimama katikati ya viti vya plastiki, machozi yanatiririka ya kweli kabisa, na watu arobaini wanamcheka kwa upendo. Sijawahi kuona jambo baya namna ile likifanywa na watu wazuri.

Mlango wa nyumba ukafunguliwa.

Uwineza alikuwa amevaa tangu saa mbili. Alikuwa amesikia kila kitu kutoka ndani, neno kwa neno, pamoja na ng’ombe wote. Akatoka na mushanana wake, lile vazi la sherehe, wa rangi ya maziwa, ameupandisha kwa mkono mmoja asiukanyage. Drocella akaruka kumzuia, binti akampita. Bibi harusi hatoki bila kutolewa, jambo hilo halijawahi kuonekana pale kwao, na makofi yalikatika kama umeme unavyokatika.

“Rudi ndani!” Mzee Kabera akasema. “Hatujakutoa!”

“Baba mkubwa, unisamehe. Sirudi.” Akachukua mfuko wa Mama Régis mkononi mwake. “Mama, twende. Mustari ni murefu.”

Na wakaenda! Kadiri, masikini, kwa mara ya kwanza siku ile akafanya jambo sahihi: alikimbilia piki yake, akampakia mama. Uwineza akapanda piki ya pili, kiubavu, mushanana umekusanywa mapajani. Régis na mimi tukabanana kwenye ya tatu. Tulishuka ule mteremko watu wanasimama barabarani kutazama. Mimi nilikuwa naomba Mungu, na kati ya dua na dua namtukana Mzee Kabera, Mungu anisamehe.

Kwenye bariyeri ndogo mstari ulikuwa umefika mbali. Wanawake wa Goma na beseni zao, mafurushi, watoto mgongoni, wote wanasukumana kwa ajili ya saa tisa. Uwineza akaingia mstarini pamoja na mama, hivyo hivyo na mushanana wake. Hapo ndipo Mama Régis alipomgeukia akamshika uso kwa mikono miwili, akamtazama vizuri. Halafu akawaambia wanawake waliokuwa mbele na nyuma, “Munaona huyu? Ni muke ya mutoto yangu. Nimekuja kumuchukua.” Wale wanawake wakashusha beseni, wakapiga vigelegele mpaka askari wakageuka. Mwanamke mmoja akamfunga Uwineza kitambaa chake mwenyewe kiunoni, akamwambia sasa uko dada yetu. Régis alikuwa analia waziwazi.

Mstari ukasogea. Saa nane na nusu. Walikuwa wamebaki watu kama sita mbele yao nilipoona piki inakuja kwa fujo, na juu yake suti ya kijivu. Mzee Kabera alishuka bila fimbo, miwani imekaa upande. Drocella ndiye aliyemfungua macho, alinieleza baadaye. Alimshika koti mbele ya wageni wote akamwuliza kama anajua mwanamke yule anakimbilia nini.

Alitembea mpaka mbele ya Mama Régis. Nikasema moyoni, akianza na Karagwe, namsukumia ziwani. Akavua kofia.

“Mama, binti ni wako.”

Mama Régis akapiga magoti kidogo, hapo hapo kwenye vumbi, akapiga makofi mawili ya taratibu. “Aksanti, baba.” Askari akamwita. Akaonyesha jeton yake, akapita, akageuka mara moja, halafu akawa anakimbia, wembamba wake wote, kuelekea kwa mgonjwa wake, na hajaonja hata kijiko cha wali wetu.

Uwineza alisimama pale akiangalia mpaka hakumwona tena. Mzee Kabera alisimama karibu yake, kofia mkononi, na mimi nilitaka kumhurumia lakini nilishindwa. Maneno manne tu, na alikuwa nayo mdomoni tangu saa nne asubuhi.